Pampu ya Kijiji Nisichokitaja

Mjukuu wangu Rehema anasoma Mbale, amepanga chumba mtaa wa Nkoma, na kozi yenyewe inaitwa ufuatiliaji na tathmini ya miradi. Nilipoambiwa mara ya kwanza nilicheka mpaka nikakohoa. Kumbe ile kazi iliyoninyima usingizi siku hizi ina cheti, na watu wanaisomea wakiwa wamekaa kwenye viti. Likizo iliyopita alikuja kwangu Jinja na wenzake, wakajipanga barazani na vishikwambi vyao mapajani, wakaniambia, "Bibi, tupe mbinu." Nikawaambia mbinu ya kwanza ni kuogopa. Wakadhani nawatania.

Sikuwa natania, na hata sasa ninapowaandikia nyinyi ambao hamkuwapo barazani sitanii. Mkaguzi wa mradi asiyeogopa ni hatari, kwanza kwa wale anaowahoji, halafu kwake mwenyewe. Mimi niliogopa vizuizi vya barabarani, niliogopa vichaka, niliogopa mtu anayejibu haraka na mtu asiyejibu kabisa. Baadhi ya hofu hizo zilikuwa za bure. Zile ambazo hazikuwa za bure ndizo zilizonifikisha uzee huu nikiwa na meno yangu, ukiondoa mawili niliyong'olewa na daktari.

Ni lazima mjue mimi ni nani, maana katika kazi hii anayeuliza naye hutazamwa. Mimi ni Mnubi wa Jinja. Babu yangu aliletwa na jeshi kutoka Sudan. Baba yangu hakushika bunduki hata siku moja, alikuwa fundi cherehani kwenye baraza la duka la Mhindi pale mjini. Nyumbani tulisema Kinubi na Kiswahili, na Kiswahili changu kimenyooka. Lakini kwetu mashariki ya Uganda, Kiswahili kiliingia vijijini kimevaa buti. Watu walikisikia mlangoni kikiuliza mwanamume wa nyumba yuko wapi. Basi fikirini mwanamke anashuka kwenye Landrova, anasema "Hamjambo," na kijiji kizima kinayeyukia migombani. Nilikuwa sijauliza swali hata moja.

Kwa askari nako hali haikuwa nafuu. Miaka ile ya vita Mnubi alihesabiwa kuwa mtu wa serikali iliyofukuzwa. Askari wa kizuizini akisikia ninavyoongea, aliinamisha kichwa na kuniuliza nilijifunzia kambi gani. Nikisema nilijifunzia kwa mama yangu, hakuamini.

Aliyenifundisha kazi ni Mzee Isabirye, Msoga mnene, mpenda chai ya tangawizi, mkuu wa ofisi yetu ndogo ya misaada pale Jinja. Zamani alikuwa mkaguzi wa vyama vya ushirika vya pamba, kabla pamba yenyewe haijafa. Nilipoajiriwa alinipa fomu zilizotoka ng'ambo, nikaenda nazo kijijini nikiwa na furaha ya mtu mwenye kalamu mpya. Swali mojawapo lilitaka kujua nyumba ina wanaume wangapi, na umri wao. Niliuliza nyumba ya kwanza, nikauliza ya pili. Nilipofika ya tatu hapakuwa na mwanamume wala mvulana kijijini, wote walikuwa wameshavuka mto. Walidhani naandikisha watu jeshini.

Isabirye hakunigombeza. Alimimina chai, akasema, "Kuuliza si ujinga, ndivyo wanavyosema, sivyo? Lakini kuna kuuliza kunakoua, Zainabu. Kabla hujafungua mdomo, jiulize: huyu akinijibu kweli, kesho atakuwa wapi?" Kisha akafuta lile swali kwenye fomu zote kwa wino mweusi. Akanifundisha kutazama kichanja cha vyombo, pale nje wanapoanika sahani. Sahani zinasema nyumba ina walaji wangapi, na hakuna afande anayekuja kukamata sahani.

Macho ndiyo kazi yenyewe, wanangu. Ukitaka kujua kama kisima kinatumika, usiulize. Mwenye shida ya msaada atakwambia kinatumika, na mwenye hofu atakwambia lolote unalotaka kusikia. Tazama njia inayokiendea, kama nyasi zimekanyagwa au zimeanza kufunga. Tazama saruji chini ya mdomo wa pampu, kama ina utelezi wa kijani wa maji ya kila siku. Omba maji ya kunywa, na kabla ya kunywa nusa dumu. Maji ya kinamasi yana harufu ya majani yaliyooza, hata yachujwe vipi. Na usivae kijani, wala koti lenye mifuko mingi. Mimi nilivaa gauni la maua hata kwenye matope, nikaonekana kama naenda harusini. Afadhali wakucheke kuliko wakukimbie.

Dereva wangu alikuwa Wafula, Mbukusu wa kutoka Bungoma, upande wa Kenya. Wabukusu na Wagisu wanasikilizana, kwa hiyo alikuwa dereva, mkalimani na mpatanishi kwa mshahara mmoja, na hakuacha kunikumbusha. Tukiwa Mbale tulilala mtaa wa Malukhu, kwenye nyumba ya wageni yenye kunguni wa kutosha kila mtu. Wafula alikuwa Mkristo wa kuomba kwa sauti. Kila tulipokaribia kizuizi alianza Baba Yetu huku anapunguza mwendo, na mimi upande wangu nasoma Ayatul Kursi kimoyomoyo. Alisema gari letu lina bima mbili.

Sasa niwaambie kuhusu kile kijiji. Jina lake silitaji. Rehema ameniuliza mara nyingi, anasema vita vilikwisha kabla mama yake hajaolewa. Najua vilikwisha. Mdomo wangu haujui. Kiko tambarare kaskazini mwa Mbale, mahali ambapo ukigeuka nyuma unauona mlima wote. Mradi wetu ulichimba pale kisima kirefu cha pampu ya mkono, mapigano yakiwa bado mbali. Halafu mapigano yakasogea. Upande mmoja wakawa watu wa porini wenye bunduki, upande mwingine, nyuma ya shule, ikawa kambi ya askari. Kijiji kikabaki katikati na pampu yake.

Tulifika asubuhi jua likiwa limepanda. Pampu ilikuwa imesimama bila mkono, yaani ule mpini mrefu wa chuma unaoupandisha na kuushusha maji yakatoka. Nikawauliza wazee waliojitokeza. Wa kwanza akasema, "Wezi." Wa pili akasema, "Wezi." Bibi mmoja ambaye sikumuuliza kitu naye akasema, "Wezi." Watu wakilisema jambo kwa neno lilelile moja, jueni wamekaa kikao.

Nikainama kutazama. Mwizi wa chuma hupiga nyundo, huacha kovu, hukimbia. Hapa hapakuwa na kovu. Boliti zilikuwa zimefunguliwa kwa spana, taratibu, kisha zikarudishwa kila moja kwenye tundu lake, nati zikakazwa kwa vidole na kupakwa mafuta kidogo zisishike kutu. Hakuna mwizi anayerudisha nati. Anayerudisha nati ni mtu anayetarajia kuja kuufunga tena. Na spana kijijini pale alikuwa nayo mtu mmoja tu.

Aliitwa Nambozo. Alikuwa mjane, mwembamba, mtu wa maneno machache, na mradi ulikuwa umemfundisha kuitunza pampu. Wafula aliita mlangoni, "Mulembe, mama," naye akaitikia, "Mulembe," akatukaribisha jikoni. Mtoto wake wa mwisho alikuwa amelala kwenye mkeka, midomo imekauka, tumbo linamwendesha. Niliomba maji. Dumu lilinuka kinamasi.

Nilipomsalimu kwa Kiswahili, alinitazama miguu kwanza, kisha gauni, kisha uso.

"Wewe ni wa afande?"

"Hapana, mama. Mimi ni wa mradi."

"Kiswahili yako ni ya afande."

Nilikuwa na swali moja kichwani, nanyi mnalijua. Lakini nilimsikia Isabirye na chai yake. Huyu akinijibu, kesho atakuwa wapi? Nikauliza kitu kingine. Nikauliza kama grisi ya pampu bado ipo.

Nambozo akacheka kidogo, cheko kavu. "Grisi? Ilikwisha zamani. Ile ingine askari alinyang'anya kwa barabara. Anasema ni ya kupaka bunduki ya watu ya porini." Alimfunika mtoto vizuri kabla ya kuendelea. "Bila grisi, ile kitu inalia. Inalia sana, mama. Watu ya porini iko mbali kule, anasikia. Anajua sasa wanawake iko kwa maji. Walikuja. Walichukua wasichana."

Sikumuuliza wasichana gani, wala wangapi. Kwenye ukuta palikuwa na gauni dogo limetundikwa, kubwa mno kwa yule mtoto wa mkekani.

Tukatoka. Wafula aliniambia bila kunitazama, "Uliuona ule mzigo wa kuni pale pembeni?"

"Sikuona kitu," nikasema.

"Hata mimi."

Tulikuwa hatujafika kwenye gari askari walipotokea upande wa shule. Aliyewaongoza alikuwa kijana mwenye macho mekundu ya kukosa usingizi. Alikuwa amesikia kwamba pampu imeng'olewa chuma, na kwake jambo lilikuwa wazi: watu wa porini walikuwa wanatengeneza bunduki kwa mabomba, kwa hiyo kuna mtu kijijini amewapelekea. Alisema mtu huyo akipatikana atapigwa risasi palepale penye pampu, wengine wajifunze. Aliyasema hayo kwa sauti ya kawaida kabisa, na ndiyo maana nikamwamini.

Halafu Wafula akamsalimu, na afande akaisikia lafudhi yake ya Kenya.

"Wewe Mkenya. Unakuja na gari, unabeba chuma, unauza kwenu."

"Mimi najua gari tu, afande," Wafula alisema.

Walimvua shati, wakamfunga mikono nalo kwa nyuma, wakamkalisha juani. Kijiji kikakusanywa. Watu walikuja bila kupiga kelele, wakakaa chini, akina mama wamewashika watoto midomo. Afande akanigeukia.

"Mama, kazi yako nini?"

"Kupima kama mradi unafanya kazi, afande."

"Basi umeshapima. Nani alitoa ule mkono?"

Nikamwambia, "Mimi napima vitu, afande. Watu siwapimi."

"Kiswahili yako safi sana," akasema taratibu. "Wewe ulikuwa kambi gani?"

Niwaambieni kweli, maana hamjawahi kusimama pale na naomba msisimame kamwe. Jina la Nambozo lilikuwa limenijaa mdomoni. Ningelitamka, Wafula angefunguliwa, na mimi ningelala Malukhu na kunguni wangu. Nisingelitamka, sikujua. Nilimtazama Wafula. Naye alilijua jina hilo kama mimi, maana yeye ndiye aliyetupigia hodi. Alikuwa ameinamisha kichwa, midomo inacheza, yuko kwenye Baba Yetu, na safari hii kimya. Magoti yalinitetemeka hadi maua ya gauni yakawa yanacheza. Afande aliyaona. Mtu mwenye bunduki akiona unatetemeka hudhani unaficha kitu, na mimi kweli nilikuwa naficha.

"Leo utapima mtu," alisema, akamwita askari mmoja aje asimame nyuma ya Wafula.

Ndipo Nambozo alipotoka nyuma ya watu na mzigo wake wa kuni kichwani. Alitembea kama anayetoka shambani. Alifika katikati, akautupa chini, kuni zikatawanyika, na ule mkono wa chuma ukabingirika ukasimama karibu na buti la afande.

"Achia huyo. Ni mimi nilitoa."

Afande akauinua mkono, akaupima uzito.

"Kwa nini?"

"Inalia."

"Nini inalia?"

"Ngoja, afande. Utasikia wewe mwenyewe."

Alitoa spana kiunoni. Akapiga magoti mbele ya pampu, akafungua nati zake, akaupachika mkono, akazikaza tena moja moja. Nimewaona mafundi wengi tangu siku ile, wa mijini, wenye mavazi ya kazi na vyeti, lakini sijamwona aliyefunga nati huku bunduki ikimtazama kisogoni na asidondoshe hata moja. Alipomaliza alisimama, akashika mkono kwa mikono miwili, akashusha.

Sijui niielezeje sauti ile. Ilikuwa ya chuma kikavu juu ya chuma kikavu, nyembamba, ndefu, inapanda hadi unatamani kuziba masikio, kisha inashuka na kuanza tena. Ilivuka nyumba, ikavuka mashamba ya mtama, ikaenda zake hadi kwenye vichaka vya mbali, na tulisikia inavyokwenda. Ndege waliruka. Wale akina mama, bila kuambiwa na mtu, waliwabeba watoto na kuinuka nusu, tayari kukimbia. Nikawatazama askari. Wote walikuwa wamegeuka, wameipa kisogo pampu, wamechuchumaa na bunduki zao zimeelekea porini. Hata yule aliyekuwa nyuma ya Wafula alikuwa amemsahau.

Nambozo aliendelea. Maji yakaanza kutoka, safi, yakamwagika kwenye saruji, na hakuna aliyeyatazama.

"Wacha," afande alisema.

Hakuacha. Sijui kama hakusikia, au alikuwa ameamua kwamba kama ni kufa afe akiwa amesikilizwa.

"Wacha, mama! Wacha!"

Akaruka mwenyewe, akaukamata ule mkono. Tulisubiri. Wote, wenye bunduki na wasio na bunduki, tulitazama vichaka vilevile. Upepo ukapita. Hakuna kilichotoka, siku ile.

Baada ya muda afande akasema kwa sauti ya chini, bila kumtazama mtu, "Toa. Rudisha pale ulipoweka."

Wakamfungua Wafula. Shati lake lilikuwa limechanika, akalivaa hivyohivyo. Nambozo alikuwa tayari amepiga magoti anafungua nati, na wanawake wawili wakamsaidia kukusanya kuni. Afande alinisindikiza hadi mlangoni mwa gari. Nilidhani bado ana neno la kambi. Kumbe alitaka kujua nitawaambia nini wakubwa wangu.

"Nitawaambia watu wanaogopa kuitumia, kwa sababu ya sauti," nikasema.

"Sema watu," akanijibu. "Usiseme askari. Mkubwa wangu akisoma, mimi nimekwisha."

Nikamwahidi. Wafula aliendesha hadi Mbale bila kusali wala kunena, na tulipofika Malukhu alizima gari, akalaza kichwa juu ya usukani, akalia. Nikamwacha alie, kwa sababu na mimi nilikuwa nalia.

Jinja nilimsimulia Isabirye nusu ya habari. Alielewa kwamba kuna nusu nyingine, hakuichokonoa. Tulipendekeza kisima cha pete za saruji, cha kamba na ndoo, kilichofichwa nyuma ya migomba, kisicho na chuma cha kusuguana. Wafadhili walilalamika sana. Waliuliza inakuwaje mradi unarudi nyuma, kutoka pampu kwenda ndoo. Isabirye aliwaandikia kwamba kamba haina sauti. Waliona ni sababu ya ajabu, lakini walikubali, na mtoto wa Nambozo alipona. Kwa hiyo mkikuta kitu kizuri hakitumiki, msikimbilie kuandika kwamba watu hawajaelimika. Wakati mwingine wameelimika kukupita wewe, kwa mambo ambayo kishikwambi chako hakina pa kuyaweka.

Ahadi yangu nimeitunza hadi leo. Ripoti yangu ilisema wanakijiji waliogopa, ikaishia hapo. Haikusema niliona nini pale afande alipoikamata pampu. Hakushika chuma. Katika haraka yake alishika mikono ya Nambozo, akaing'ang'ania, na kwa muda wote ule tuliokuwa tunatazama vichaka hakuiachia. Nilikuwa karibu nao. Mikono yote minne ilikuwa inatetemeka, na sikuweza kujua ni ya nani iliyokuwa inaitetemesha mingine.